Homa Isiyoshuka, Chembe za Damu Zinazopungua: Kuutambua na Kuutibu HLH kwa Mgonjwa Mahututi

Mgonjwa ana siku saba katika chumba cha wagonjwa mahututi. Alipokelewa akiwa na homa kali na shinikizo la damu lililoshuka, akaanzishiwa antibiotiki, maji ya mishipani na dawa za kupandisha shinikizo, na wote tukaandika kwenye faili lake kwamba ana sepsisi, yaani maambukizi yaliyovuruga mwili mzima. Leo antibiotiki zimekwisha kubadilishwa mara mbili, damu iliyooteshwa maabara haijatoa kimelea chochote, homa ingali juu ya nyuzi 39, na kila asubuhi majibu ya maabara yanaonyesha chembe chache kuliko za jana. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili ya mgonjwa huyo, na kwa ajili ya daktari na muuguzi wanaomsimamia usiku.

Ugonjwa wenyewe huitwa himofagositi limfohistiositosi, nasi hospitalini huuita kwa herufi zake, HLH. Kwa kawaida seli T za kuua na seli NK hutoboa seli iliyoambukizwa kwa protini iitwayo perforini, seli hiyo hufa, na mfumo wa kinga hutulia kwa kuwa kilichouchochea hakipo tena. Katika HLH utulivu huo haufiki. Seli T huendelea kumwaga interferoni gama, makrofaji (seli za kinga zinazomeza) huendelea kuchochewa na kumwaga saitokini nyingine, yaani kemikali za kuamsha kinga, na hatimaye makrofaji hao huvamia uboho, wengu na ini na kuanza kumeza chembe za damu za mwenye mwili. Watoto wengine huzaliwa na kasoro ya jeni inayosababisha hali hii, na ile ya perforini ndiyo iliyotambuliwa kwanza, mwaka 1999. Kwa watu wazima tunaowapokea sisi, mara nyingi kuna jambo jingine lililowasha moto: maambukizi, saratani, hasa limfoma, au ugonjwa wa kinga kama lupasi na ugonjwa wa Still.

Homa haishuki ingawa antibiotiki ni sahihi

Anza na yale yanayotokea mara nyingi: jipu ambalo halijatobolewa, mpira wa mshipa mkuu ulioambukizwa, fangasi, malaria ambayo vimelea vyake havijahesabiwa upya, kifua kikuu kilichosambaa, homa inayoletwa na dawa. Hayo yote yatafutwe kwa bidii, kwa sababu ndiyo yanayoua wagonjwa wengi zaidi. Hata hivyo, kosa ninaloliona mara kwa mara ni kuyatafuta moja baada ya jingine, kila moja likipewa siku mbili au tatu, huku HLH ikiachwa iwe wazo la mwisho. Swali la HLH liulizwe sambamba na hayo mengine, kwa kuwa vipimo vyake vya kwanza ni mirija miwili tu ya damu.

Weka kanuni rahisi katika kitengo chako. Mgonjwa yeyote mwenye homa isiyoelezeka kwa siku tatu au zaidi, ambaye aina mbili za chembe zake za damu zinashuka, au ambaye wengu au ini lake limevimba, apimwe feritini (protini ya kuhifadhi madini ya chuma) siku hiyohiyo pamoja na triglisiridi (mafuta ya damu), fibrinojeni (protini ya kugandisha damu) na vimeng'enya vya ini.

Ipo dalili nyingine ya bei nafuu ambayo hata hospitali ya wilaya inaweza kuipata, nayo ni ESR, yaani kasi ya chembe nyekundu kutuama ndani ya mrija. Mgonjwa mwenye uvimbe mkali mwilini hutarajiwa awe na ESR ya juu. Katika HLH, fibrinojeni ikishatumika na kuisha, chembe nyekundu hazishikamani tena na hutuama polepole, kwa hiyo ESR hushuka wakati CRP (kipimo kingine cha uvimbe) na homa bado ziko juu. Nimewahi kusimama mbele ya mrija wa aina hiyo: mgonjwa anawaka homa ya nyuzi 39.8, na baada ya saa nzima utepe mwembamba wa plazma juu ya mrija haukufika hata milimita sita. Fundi wa maabara alidhani amekosea, akarudia kipimo, na jibu likawa lilelile. Jibu la namna hiyo lisipuuzwe.

Chembe zinapungua aina mbili au tatu

Sepsisi hupunguza chembe sahani (zile za kugandisha damu), na mgonjwa mahututi yeyote hupungukiwa himoglobini kwa kutolewa damu ya vipimo kila siku. Kinachotofautisha ni mwelekeo wa chembe nyeupe. Katika sepsisi ya bakteria hutarajiwa kupanda; zikiwa zinashuka pamoja na chembe sahani, huku homa ikiendelea, una sababu ya kutilia shaka. Vigezo vya utambuzi viitwavyo HLH-2004 huweka mipaka hii: himoglobini chini ya gramu 9 kwa desilita, chembe sahani chini ya 100 × 10⁹ kwa lita, na nyutrofili (aina ya chembe nyeupe) chini ya 1.0 × 10⁹ kwa lita, ambapo aina mbili kati ya tatu zinatosha.

Usisome namba ya leo peke yake. Mgonjwa aliyeingia na chembe sahani 420 na leo ana 130 hajavuka mpaka wowote, lakini amepoteza zaidi ya theluthi mbili ya alizokuwa nazo. Vilevile aliyeongezewa damu jana ana namba ya kuazima, kwa hiyo andika kando ya kila jibu kama aliongezewa damu au chembe sahani. Na kabla ya kumhukumu kuwa ana HLH, tazama damu yake kwenye kioo cha hadubini: chembe nyekundu zilizokatikakatika humaanisha huenda ni TTP (ugonjwa wa damu kuganda ndani ya mishipa midogo), ambayo tiba yake ni nyingine na haingoji.

Homa haipo, lakini mengine yote yapo

Mgonjwa aliyeunganishwa na mashine ya kusafisha damu mfululizo hupoteza joto kupitia damu inayozunguka nje ya mwili, na anaweza kuonyesha nyuzi 36.8 huku mwili wake ukiungua kwa ndani. Paracetamol ya kila saa sita na haidrokotisoni ya mshtuko wa sepsisi hufanya vivyo hivyo. Rudi nyuma kwenye chati ukaangalie joto kabla mashine haijaunganishwa, na uhesabu hilo.

Feritini imepanda: je, inatosha?

Kigezo cha HLH-2004 ni mikrogramu 500 kwa lita, na kwa mgonjwa mahututi mtu mzima kiwango hicho hakitusaidii sana, kwa kuwa karibu kila mwenye sepsisi, ini lililoumia, figo zilizofeli au historia ya kuongezewa damu mara nyingi hukivuka. Watafiti wa Berlin waliochambua wagonjwa mahututi watu wazima walipata kwamba kiwango cha takriban 9,000 ndicho kilichotenganisha vizuri wenye HLH na wasio nayo. Mimi huitumia hivi: chini ya 500 hunifanya niitafute sababu nyingine, kati ya 2,000 na 9,000 hunifanya nikamilishe vipimo vyote na kurudia feritini kesho, juu ya 9,000 hunifanya nimpigie simu daktari wa damu kabla ya raundi kuisha. Inayopanda maradufu ndani ya siku moja ina uzito kuliko iliyo juu lakini imetulia. Hata hivyo feritini ya makumi ya maelfu imewahi kuonekana kwa watu wazima wenye ini lililokufa ghafla, figo zilizofeli au saratani za damu bila HLH, kwa hiyo haisimami peke yake.

Jambo moja la maabara limetuponza. Mashine nyingi za kupima feritini zina kikomo cha juu, na jibu huja limeandikwa “zaidi ya” namba fulani. Siku ya pili likija tena vilevile, daktari hudhani hakuna kilichobadilika, ilhali feritini inaweza kuwa imetoka 3,000 hadi 30,000. Iombe maabara izimue sampuli na kupima upya mpaka ipatikane namba kamili.

Triglisiridi na fibrinojeni zinapodanganya

Triglisiridi za milimoli 3.0 kwa lita au zaidi ni kigezo, lakini propofoli tunayowalazia wagonjwa imechanganywa katika mafuta, na lishe ya mishipani nayo ina mafuta. Ikiwezekana badilisha dawa ya usingizi, kisha upime tena baada ya siku moja au mbili. Fibrinojeni hudanganya upande wa pili. Katika uvimbe mkali hupanda, kwa hiyo gramu 2.2 kwa lita, ambayo maabara huichapisha bila alama yoyote kwa kuwa iko ndani ya kiwango cha kawaida, ni ndogo mno kwa mtu mwenye CRP ya 250. Ikiwa gramu 1.5 au pungufu, kigezo kimetimia.

Kupiga hesabu wakati vipimo vingine havipatikani

Vigezo vya HLH-2004 ni vinane na huhitaji vitano: homa ya nyuzi 38.5 au zaidi, wengu kuvimba, upungufu wa chembe, triglisiridi au fibrinojeni kama nilivyoeleza, feritini, himofagositi (makrofaji wanaomeza chembe) kuonekana katika uboho, wengu au tezi, seli NK kufanya kazi kidogo, na CD25 mumunyifu (alama ya seli T zilizochochewa) ya uniti 2,400 kwa mililita au zaidi. Viwili vya mwisho katika hospitali nyingi za Afrika Mashariki havipimwi, au sampuli hutumwa nje na majibu hurudi mgonjwa akiwa amekwisha kufa. Kwa sababu hiyo napendelea HScore, hesabu ya alama ambayo ilichapishwa mwaka 2014 na hutegemea vitu tunavyoweza kuvipata.

Chukua mgonjwa mwenye joto la 39.6 (alama 49), wengu peke yake umevimba (23), aina tatu za chembe zimepungua (34), feritini 7,400 (50), triglisiridi 2.1 (44) na kimeng'enya cha AST 140 (19). Fibrinojeni haijapimwa na uboho haujachukuliwa, kwa hiyo vyote viwili ni sifuri. Jumla ni 219. Mpaka ni 169, na mgonjwa huyu ameuvuka bila sindano ya uboho. Mwenye VVU au anayetumia dawa za kushusha kinga kwa muda mrefu huongezewa alama 18. Alama hizi hazimthibitishii mtu ugonjwa. Hukuambia tu kwamba kuendelea kungoja ni hatari kuliko kutenda.

Uboho hauonyeshi makrofaji wanaomeza chembe

Jibu hilo halifuti HLH. Mwanzoni mwa ugonjwa himofagositi inaweza isionekane, na kwa upande mwingine inaweza kuonekana kwa mgonjwa wa sepsisi au aliyeongezewa damu mara nyingi asiye na HLH kabisa. Faida kubwa ya kuchukua uboho ni kumtafuta mchochezi: seli za limfoma, bakteria wa kifua kikuu, fangasi wa histoplasma, vimelea vya leishmania. Mwambie mtaalamu wa patholojia kwa maandishi kwamba ndivyo unavyovitafuta, kwa sababu asiyeambiwa atatazama alichoombwa tu.

Mchochezi hapatikani

Hapa ndipo ninapomwomba msomaji asiharakishe, kwa kuwa tiba ya HLH isiyogusa mchochezi haidumu. Orodha yangu huanza na VVU, virusi vya Epstein-Barr kwa kuhesabu wingi wake katika damu, malaria, kifua kikuu (pamoja na kipimo cha mkojo cha LAM kwa mwenye VVU), picha ya CT ya kifua na tumbo, na tezi yoyote iliyovimba ikatwe ipelekwe patholojia. Kwa wakazi wa pwani, Mombasa na Dar es Salaam, dengi isisahauliwe. Kwa mwanamke kijana mwenye maumivu ya viungo, vidonda vya mdomoni au protini kwenye mkojo, tafuta lupasi.

Kisha uliza mgonjwa anatoka wapi na anafanya kazi gani. Kitengo chetu kiliwahi kumpokea kijana mfugaji aliyepewa rufaa akiwa na homa, damu kidogo na wengu uliofika kitovuni. Tuliuandika wengu ule kuwa wa malaria ya muda mrefu, tukabadilisha antibiotiki mara tatu kwa siku tisa, na feritini yake ilipofika 14,000 tukaanza kuzungumzia etoposidi, dawa ya saratani inayotumika pia kwa HLH. Shangazi yake, aliyekuwa akikaa kwenye benchi la nje tangu siku ya kwanza, ndiye aliyetaja kwamba walikuwa wamehamisha mbuzi Baringo na kwamba kijana alilala miezi mitatu kando ya vichuguu vya mchwa. Hakuna aliyekuwa amemuuliza. Kipimo cha haraka cha rK39 kilionyesha mistari miwili ndani ya dakika chache: kala-azar, ugonjwa wa vimelea vya leishmania. Aliponea kwa dawa za kala-azar na deksamethasoni, dawa ya steroidi, ya siku chache, bila etoposidi. Baringo, Turkana na Pokot Magharibi nchini Kenya, na Karamoja nchini Uganda, ni maeneo yanayojulikana kwa ugonjwa huo, na nzi wa mchanga anayeueneza hupenda nyufa za vichuguu. Kipimo cha rK39 kikiwa hasi hakiufuti, kwa kuwa usikivu wake Afrika Mashariki ni mdogo kuliko ulivyo India, na kwa mwenye VVU hupungua zaidi; uboho utazamwe.

Kabla ya dozi ya kwanza ya deksamethasoni

Steroidi huyeyusha limfoma kwa muda na kuificha. Kama hali ya mgonjwa inaruhusu saa chache, chukua kwanza uboho, kipande cha tezi na damu ya virusi. Kama hairuhusu, yaani shinikizo linaporomoka, fahamu zinapotea na feritini inapaa, anza tiba na uchukue sampuli mapema iwezekanavyo. Hakuna aliyeokolewa na utambuzi kamili uliofanywa baada ya kifo.

Pima homa ya ini ya B. Mpe ivermektini dhidi ya minyoo ya strongiloidi, kwa sababu katika nchi zetu minyoo hiyo hukaa mwilini miaka mingi bila dalili, na steroidi huifanya isambae hadi mapafuni na kubeba bakteria wa utumbo kuingia kwenye damu. Mpangie kotrimoksazoli ya kuzuia nimonia ya pneumosistisi. Antibiotiki zisisimamishwe kwa kuwa tu HLH imetajwa, kwani sepsisi na HLH hukaa pamoja katika mwili mmoja.

Tiba yenyewe

Msingi ni deksamethasoni miligramu 10 kwa kila mita ya mraba ya mwili kwa siku. Katika utaratibu wa tiba uitwao HLH-94 dozi hiyo hupunguzwa nusu kila baada ya wiki mbili hadi wiki ya nane. Mgonjwa ambaye mchochezi wake ni lupasi au ugonjwa wa Still mara nyingi hupewa methiliprednisoloni gramu 1 kwa siku, siku tatu hadi tano, na ikipatikana anakinra, dawa inayozuia saitokini mojawapo, huongezwa mapema. Uchambuzi wa jaribio la zamani la sepsisi uliochapishwa mwaka 2016 unastahili kukumbukwa hapa: kwa wagonjwa walioonyesha ini kuumia pamoja na damu kuganda ovyo, waliopewa anakinra asilimia 65 walikuwa hai siku ya 28, dhidi ya asilimia 35 ya waliopewa dawa bandia. Anakinra haishushi chembe za uboho, kwa hiyo hutufaa hata pale ambapo hatujawa na uhakika kati ya sepsisi na HLH. Kwetu hupatikana kwa shida.

Etoposidi inapatikana zaidi, nayo imo katika orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani. Hutumika hasa kwa limfoma, virusi vya Epstein-Barr na mgonjwa ambaye steroidi peke yake haijamgeuza. Watoto katika HLH-94 walipewa miligramu 150 kwa mita ya mraba mara mbili kwa wiki. Mtu mzima mahututi hupewa 50 hadi 100 mara moja kwa wiki, na uamuzi huo ufanywe pamoja na daktari wa damu. Nimeona ikinyimwa mgonjwa kwa kuwa macho yamekuwa ya manjano au chembe nyeupe ni chache. Kama ini na uboho vimeharibiwa na HLH yenyewe, kumnyima dawa ni kuuacha ugonjwa uendelee kuviharibu. Manjano peke yake haihitaji dozi ipunguzwe. Figo zikifeli, ndipo hupunguzwa.

Anayetoka damu aongezewe chembe sahani na kriyopresipiteti (sehemu ya plazma yenye fibrinojeni), apewe vitamini K, na asichomwe sindano za kuchukua kipande cha ini zisizo za lazima. Akichanganyikiwa au kupata degedege, fanya picha ya ubongo na, chembe sahani zikiruhusu, chukua maji ya uti wa mgongo, kwa kuwa HLH ya ubongo hubadilisha mpango wa tiba.

Tiba imeanza, lakini hali haibadiliki

Pima feritini kila siku au kila baada ya siku moja. Homa kwa kawaida hushuka kwanza, feritini hufuata, na chembe sahani huchelewa. Kama baada ya saa 48 hadi 72 homa na feritini havijageuka, jiulize maswali matatu kwa mpangilio huu: je, mchochezi ametibiwa kweli, je, ipo limfoma ambayo hatukuikuta mara ya kwanza, je, tiba iongezwe etoposidi, au rituksimabu (dawa inayoua seli B za kinga) kama virusi vya Epstein-Barr vimejaa katika damu?

Homa inayorudi katika wiki ya pili au ya tatu ni fumbo gumu zaidi. Feritini ikipanda pamoja nayo, fikiria HLH imerudi, hasa ikiwa steroidi ilipunguzwa siku chache zilizopita. Feritini ikiendelea kushuka wakati homa inapanda, tafuta maambukizi mapya, na fangasi wawe wa kwanza kutafutwa.

Mgonjwa anapohamishiwa wodini, barua yake ibebe mambo manne yaliyoandikwa kwa mkono unaosomeka: feritini ya mwisho na tarehe yake, dozi ya deksamethasoni ya leo na siku itakayopunguzwa, mchochezi aliyepatikana au sampuli ambazo majibu yake bado, na namba ya kitengo cha kupigiwa simu homa ikivuka nyuzi 38. Ikiwa ni mtoto, au kijana ambaye hakupatikana mchochezi, au familia imewahi kupoteza mtoto mchanga kwa homa isiyojulikana, ongeza la tano: damu ya kipimo cha jeni, na majina ya ndugu zake wa tumbo moja wanaopaswa kuchunguzwa.